Vitabu vya kukodi Lubumbashi, nyuma ya soko la Kenya: duka zuri, ila hesabu kurasa kabla hujatoka

Nianze na bei, maana najua watu wa Lubumbashi. Kitabu kimoja kwa juma moja ni franka 1,500 za Kongo. Ukichukua viwili, cha pili ni nusu bei. Mwenye duka anapokea pesa ya mkononi na M-Pesa. Duka halina jina, ni chumba cha mbele cha nyumba moja kule nyuma ya soko la Kenya (ni mtaa wa hapa, si nchi), mlango wa bluu. Uliza "kwa Papa wa vitabu", watoto watakupeleka. Ndani kuna kabati mbili zinazotazamana, meza, kiti kimoja chema na viti viwili vibaya, na taa ya sola, kwa sababu umeme wa mtaa ule huja ukijisikia.

Ile nusu bei ina sharti lake. Kabati la kushoto ni la riwaya za polisi: Agatha Christie, Simenon, zile jalada za manjano za mfululizo wa Le Masque ambazo kona zimekwisha kwa kushikwa. Kabati la kulia ni la mambo yaliyotokea kweli: kesi, mahakama, watu waliofungwa bure. Ukitaka nusu bei, kitabu kimoja utoe huku na kingine utoe kule. Nilidhani Papa ana falsafa yake juu ya jambo hili, nikamwuliza. Akanijibu: "Mama, ile ya kweli haikuwe inatoka. Bantu bote banapenda ya polisi. Sasa ningefanya namna gani?" Basi. Ni biashara tu, lakini imenipa masomo ambayo sikuyapata shuleni.

Jozi yangu ya kwanza ilikuwa riwaya ya Simenon na kitabu cha kesi ya Dreyfus. Ile riwaya, La Tête d'un homme, ya mwaka 1931, inaanza pale ambapo nyingine zinaishia. Mtu ameshakamatwa, ameshahukumiwa kifo, yuko gereza la La Santé anangoja siku yake, na aliyemkamata ni kamishna Maigret mwenyewe. Sasa Maigret haiamini tena kazi yake. Anafanya jambo ambalo sijaliona kwa polisi mwingine wa vitabuni, wala wa barabarani: anapanga mfungwa atoroke, kisha anamfuata nyuma aone atamfikisha wapi. Muuaji ni nani, sisemi.

Mwingine alikuwa ameshasema. Huo ndio ugonjwa wa duka hili: wasomaji wanaandika jina la muuaji kwenye ukurasa wa kwanza kwa kalamu ya risasi. Papa ana kifutio, jioni anakaa anafuta, lakini ukiinamisha karatasi kwenye mwanga jina bado linasomeka. Katika Christie moja nilikuta majina matatu kwa miandiko mitatu, kila moja limepigiwa mstari chini, mwandishi ana uhakika wake. Nilisoma kitabu kizima nikiwachunga watu watatu, kila neno lao nikilipima mara mbili, na mwishowe hakuna hata mmoja kati yao aliyekuwa na kosa. Sijui kama ni uchokozi au walikisia wakiwa katikati. Vyovyote iwavyo, nilicheka peke yangu gizani.

Upande wa kulia hakuna kucheka. Kapteni Alfred Dreyfus wa jeshi la Ufaransa alikamatwa Paris Oktoba 1894 kwa sababu ya karatasi moja ya kuwapa Wajerumani siri za jeshi, iliyotolewa katika takataka za ubalozi wa Ujerumani. Wakaona mwandiko unafanana na wake. Wakamwita Alphonse Bertillon, yule wa polisi ya Paris aliyejulikana kwa kupima wahalifu vichwa na vidole, ingawa miandiko haikuwa kazi yake. Palipofanana, akasema ni Dreyfus. Pasipofanana, akasema ni Dreyfus vilevile, ameuiga mwandiko wake mwenyewe na kuuharibu kidogo ili apate kuukana. Hapo nilifunga kitabu nikaenda kuchemsha maji ya chai. Shahidi wa namna hiyo utamjibu nini? Ukifanana umekwisha, usipofanana umekwisha zaidi.

Wakamhukumu. Januari 1895 wakamvua cheo na kumvunjia upanga mbele ya askari, wakampeleka Kisiwa cha Shetani kule Guyane. Mwenye ule mwandiko, Esterhazy, alifikishwa mahakamani Januari 1898 na akaachiwa; siku mbili baadaye mwandishi Émile Zola akatoa gazetini ile barua yake ya kumtetea Dreyfus. Mwaka 1899 wakamrudisha Dreyfus, wakamhukumu tena, safari hii wakasema ana sababu za kupunguziwa adhabu. Msaliti wa nchi, mwenye sababu za kupunguziwa! Siku chache tu, raisi wa Ufaransa akampa msamaha. Akaenda nyumbani akiwa huru na mwenye hatia. Korti ilifuta hukumu Julai 1906.

Jozi iliyonishika kabisa ni ya pili. Huku Sherlock Holmes, yule mpelelezi wa riwaya, kule kitabu kinene cha makosa ya mahakama ambacho mgongo wake umeshonwa kwa uzi wa viatu. Katikati yake nikamkuta baba wa Holmes, mwandishi Arthur Conan Doyle, safari hii kama mtu wa kweli mwenye kesi ya kweli. Naomba nikae hapa kidogo, kwa sababu mimi ni fundi wa miwani na kesi hii ni ya macho.

George Edalji alikuwa mwanasheria kijana, kazi yake Birmingham. Baba yake alikuwa Mparsi kutoka India, mchungaji wa Kianglikana katika kijiji cha Great Wyrley, na mama yake Mwingereza. Unaweza kuwaza kijiji kilivyowatazama. Mwaka 1903 mtu asiyejulikana akaanza kupasua mifugo matumbo usiku, farasi na ng'ombe, huku barua zisizo na jina zikizunguka. Polisi wakamkamata Edalji. Wakaleta mtaalamu wa miandiko, tena! Baba yake akaapa kwamba kijana alilala chumba kimoja naye na mlango ulikuwa umefungwa kwa ufunguo. Haikusaidia kitu: miaka 7. Wakati yeye yuko mikononi mwa polisi, mnyama mwingine akapasuliwa. Hiyo nayo haikusaidia kitu. Baada ya miaka 3 wakamfungulia mlango bila kusema kwa nini, na jina lake likabaki lilivyo.

Mwanzoni mwa 1907 Doyle akapanga kukutana naye katika hoteli moja London. Doyle alichelewa. Alipoingia alimkuta Edalji amekaa, anasoma gazeti kusukuma muda, amelisogeza karibu kabisa na macho na kulipindisha kidogo upande. Doyle alikuwa daktari aliyesomea macho kabla ya kuishi kwa kalamu. Akajua kabla hawajasalimiana.

Na mimi ningejua. Edalji alipopimwa alikuwa na dioptri 8 za kutoona mbali (dioptri ni kipimo cha nguvu ya miwani), na juu yake astigmati, kasoro ya umbo la jicho inayovuruga picha. Mteja wa dioptri 8 ninamtambua kabla hajakaa: anatafuta bei ya fremu kwa kuileta puani. Bila miwani, kitu anachokiona sawasawa ni kile kilicho sentimita 12 na nusu toka jichoni. Zaidi ya hapo ni ukungu. Mchana atakwenda, atapapasa, amezoea. Usiku ni shauri lingine. Sasa huyo ndiye wanayesema alitoka usiku wa mvua wa Agosti, akapita penye polisi wanaochunga nyumba, akavuka njia ya reli na mashamba yenye nyua na mitaro, akamtafuta farasi gizani, akampasua kwa mkono mmoja wa hakika, akarudi kitandani. Ningekuwa mle kortini ningeomba kitu kimoja tu: mpeni ubao wa herufi asome! Hakuna aliyempa. Watu walimtazama mtu mwenye macho yaliyotoka nje kidogo, kama yanavyokuwa ya wengi wa kiwango hicho, wakaona uso wa mhalifu.

Doyle aliandika yote gazetini Januari 1907. Kamati ikaundwa, watu watatu, mmoja wao binamu wa mkuu wa polisi wa jimbo lile. Mei wakatoa jibu: farasi hakumpasua, asamehewe, lakini barua tunadhani aliziandika yeye, kwa hiyo alijiletea mwenyewe, hapati hata senti kwa ile miaka 3. Mwaka uleule Uingereza ikaunda korti ya rufaa ya kesi za jinai, na kesi ya Edalji ilikuwa mojawapo ya zilizosukuma jambo hilo.

Hapo ndipo niliona kabati la kushoto linavyonidanganya kwa utamu. Kule Holmes akishasema, imekwisha, wote wanatoka chumbani. Doyle alisema, akaonyesha kwa ramani na kwa kipimo cha macho, na jibu lililorudi lilikuwa nusu. Riwaya inajali nani alifanya. Yule ambaye hakufanya anapewa sentensi moja mwishoni, aoe, aondoke.

Siku ya Jumamosi duka hugeuka baraza, na hiyo ni sababu nyingine ya kwenda. Kijana wa sheria wa UNILU, Chuo Kikuu cha Lubumbashi, alikuwa anatuhubiria ibara ya 17 ya katiba ya Kongo ya 2006, kwamba mshitakiwa hana hatia mpaka hukumu ya mwisho, na ibara ya 18, kwamba polisi haruhusiwi kukuweka zaidi ya saa 48. Mzee mmoja aliyefanya kazi Gécamines, kampuni ya madini ya serikali, akamkata: "Iko mu kitabu, mwanangu. Uende uitafute mu buloko," yaani mahabusu. Wakahamia kesi ya kifo cha Mzee Laurent-Désiré Kabila, raisi wetu aliyeuawa 2001, na wale waliohukumiwa 2003 ambao walitoka gereza la Makala, Kinshasa, Januari 2021 kwa msamaha wa raisi. Kijana akasema si wametoka, basi imekwisha. Mzee akauliza, msamaha ni wa nini kama mtu tangu mwanzo anasema hakufanya? Sikujitia katika siasa. Nilimpa tu kijana kile cha Dreyfus, nikamfungulia kuanzia 1899. Akakikodi kwa bei kamili, bila cha kushoto.

Sasa malalamiko. Dhamana ya Papa ni kadi yako ya uchaguzi, inakaa drooni mpaka urudishe. Katika mji huu, kutembea bila kitambulisho saa moja jioni ni kujitafutia maswali. Na ukurasa ukikosekana, faini ni franka 5,000. Niliporudisha kitabu cha Dreyfus, Papa akakifungua katikati: ukurasa wa picha haupo, umekatwa kwa wembe karibu na mshono. Nikamwuliza nani ameniona nikikata. "Njo weye ulikuwa nacho ya mwisho, Mama." Huo ndio ushahidi wote, katika chumba chenye kabati zima la watu walioponzwa na ushahidi wa aina hiyo!

Nikatoa lenzi yangu ya kazini, nikamwekea juu ya kile kipande kilichobaki. Karatasi ya zamani huwa kahawia pembeni na yenye rangi nyepesi ndani. Mkato wa juzi ungeonyesha rangi nyepesi. Huu ulikuwa kahawia na vumbi limeshajikalia, umekatwa miaka kabla yangu. Papa akatazama sana. Akavua miwani yake (fremu nzuri, vioo vibaya, nimemwambia aje) akatazama tena. Kisha akasema sawa, nilipe 2,500.

Yaani nina hatia, lakini nina sababu za kupunguziwa. Nililipa. Kadi yangu ilikuwa drooni.

Kwa hiyo nendeni, vitabu ni vizuri na bei ni ya haki, lakini kabla hujatoka fungua kitabu mbele yake, pitia kurasa, na kila palipo na pengo mwambie aandike. Tangu siku ile ameweka daftari kwa kazi hiyo, lina jalada la kijani, liko karibu na kifutio. Asipolitoa mwenyewe, lidai. Jumapili hafungui. Na kile kinene cha uzi wa viatu msikitafute juma hili, kiko kwangu, nimelipia tena.