Pauni 4 za The Specials, kushushuliwa bure

Nyota moja. Naitoa kabisa kabla sijaanza kusimulia, maana najijua, nikifika katikati nitalainika.

CD yenyewe ni The Singles Collection ya bendi ya The Specials, ile ya 1991. Nimeinunua hapahapa Coventry, Uingereza, mji waliotokea wenyewe, kwenye duka la rekodi za mtumba ambalo silitaji kwa sababu sitaki kesi. Pauni 4. Kasha lina ufa pembeni, sawa, mtumba ni mtumba. Lakini juu yake kulikuwa na kikaratasi kimeandikwa kwa mkono: haina mkwaruzo hata mmoja. Shikeni hapo.

Nimetoka zamu ya usiku ghalani, nikaoga, nikaiweka kwenye redio. Gangsters ikafungua, nikasahau hata chai. Kwa asiyeijua ska: mguu ukishuka, gitaa halipo; mguu ukinyanyuka ndipo gitaa linakata, cha, cha, cha. Ukijitia umekaa kwa heshima, bega linakuumbua. Ni muziki wa Jamaika, na hawa wa Coventry, weusi kwa weupe ndani ya bendi moja, waliuchukua mwishoni mwa miaka ya 70 wakautia ukali wa punk, ile roki ya haraka na ya kelele. Ukifika ile ya Rudy, yaani A Message to You, Rudy, trombone unayoisikia ni ya Rico Rodriguez, mzee wa Kijamaika aliyeipuliza pia kwenye ile ya asili ya Dandy Livingstone ya 1967. Vijana wanaimba upya, mzee anapuliza kama alivyopuliza, na wala havigombani. Hapo nilikuwa nimeshatoa nyota tano kichwani.

Halafu ikaja Ghost Town.

Kinanda kinazunguka kama upepo ndani ya jengo lisilo na watu. Sauti zinaanza kuomboleza, ile ya kukusimamisha nywele, na palepale CD ikaruka. Tk. Ikarudi nyuma. Wakaomboleza. Tk. Ikarudi. Nikaitoa, nikaipuliza, nikaifuta kwa fulana, nikairudisha. Tk. Wimbo mmoja tu katika CD nzima, na ndio uleule uliokaa namba moja Uingereza Julai 1981!

Nikarudi dukani mvua inanyesha. Nikamwamkia jamaa vizuri, nikamwambia ndugu yangu, hii inaruka. Hata hakunyanyua macho. Akasema, “Hiyo ni ska, inarukaruka. Labda kwenu hamjaizoea.” Wateja wawili wakacheka.

Kwetu! Kwetu ni Morogoro. Nimekulia karibu na Mazimbu, walikokuwa wakiishi na kusoma vijana wa ANC kutoka Afrika Kusini, na wimbo wa Nelson Mandela tuliusikia kwenye kaseti iliyokwisha kuchoka, ya kuzungushwa kwa kalamu. Tuliuimba kwa Kiingereza cha kubahatisha, hatujui anayeimba ni nani wala Coventry iko wapi. Huo ndio ulionifanya niinunue CD hii. Halafu mtu aje aniambie sijazoea. Niliumia jamani, acheni mchezo.

Akaichukua kwa ncha za vidole, akaiweka kwenye mashine yake ya dukani, akaongeza sauti. Ikapiga. Ghost Town yote, tangu kile king'ora cha mwanzo mpaka upepo wa mwisho, bila kukwama hata mara moja.

Na hapa lazima niwe mkweli. Duka zima lilinyamaza. Mmoja wa wale waliocheka, mzee wa umri wa kustaafu, aliacha kupekua rekodi akabaki ameshika moja hewani, haiweki wala haitoi. Siku ule wimbo unashika namba moja, vijana wa miji ya nchi hii walikuwa mitaani wanapambana na polisi, na viwanda vya magari vya Coventry vilikuwa vinamwaga watu nje. Mzee yule kama ni wa hapa, alikuwa kijana wakati ule. Mimi nilikuwa nimeusikia mara nyingi nikidhani ni wimbo wa mizimu. Kumbe ni wa kumbi zilizofungwa na watu wasio na kazi, na nilikuwa nimesimama katika mji wenyewe, viatu vimelowa. Kichwa kikawa kinatikisika chenyewe. Nyota nne, hapo natoa nyota nne.

Jamaa akaniona ninavyotikisa kichwa. “Unaona?” akasema, akanirudishia CD kama anayemrudishia mtoto kalamu yake. Nyota moja! Nikatoka nimefyata.

Nyumbani ikaruka. Palepale.

Sasa, kila aliyewahi kumiliki deki Bongo anajua dawa: dawa ya meno. Unapaka kidogo, unasugua kwa kitambaa laini, unasuuza. Nikasugua. Nilisugua kwa hasira ya yule bwana, nazungusha, nazungusha, mpaka mama watoto akaja kusimama mlangoni. “Baba Zawadi, hiyo ni CD au sufuria? Si unafuta kutoka katikati kwenda nje?” Nikamwambia aniache. Na kweli CD inasomwa kuanzia katikati, mikwaruzo ya kuzunguka ndiyo mibaya zaidi, hilo nalijua tangu zamani. Hasira haina kumbukumbu.

Nikaiweka. Ghost Town ikapita! Nilipiga kelele mpaka jirani akagonga ukuta. Ikafika zamu ya Friday Night, Saturday Morning, ule wa kijana anayekwenda kumaliza pesa zake Locarno. Ukumbi huo leo ni maktaba kuu ya mji, binti yangu anaazima vitabu humo. Nikakaa chini kwa raha zangu.

Malalamiko madogo ya haki kuhusu CD yenyewe: ukishavuka hapo ni kama umebadilishiwa bendi kimyakimya. Waimbaji Terry Hall na Neville Staple, na mpiga gitaa Lynval Golding, waliondoka 1981 wakaanzisha Fun Boy Three. Jerry Dammers akabaki na kinanda chake na watu wapya, wakajiita The Special AKA. Ukiinunua kwa ajili ya ile sauti ya Terry Hall ya mtu aliyechoka na dunia, robo ya mwisho itakuacha njiani. Mimi haikunihusu. Robo ya mwisho ndiyo niliyoilipia: Nelson Mandela, 1984, anaimba Stan Campbell.

Ukaanza. Sauti zile peke yake, bila ala, zinadai aachiwe. Zikafika kwenye jina. Nel. Nel. Nel. Nel.

Mama watoto alicheka mpaka akaketi sakafuni. Mandela mwenyewe alitoka gerezani Februari 1990, lakini sebuleni kwangu, wiki ya pili hii, bado anashikiliwa, na aliyemfunga safari hii ni mimi na kitambaa changu.

Kwa hiyo nyota ngapi? Muziki naupa tano, anayetaka kunipinga aje. Muuzaji simpi hata nusu, na kama anasoma hapa, kwetu tumezoea. CD hii niliyonayo mimi, mbili. Au tatu, kwa ajili ya Rico.

Jana usiku nikamsimulia mzee mmoja wa Kijamaika ninayefanya naye kazi, nikitegemea atanionea huruma. Akanisikiliza mpaka mwisho, akamaliza na sandwichi yake, akauliza, “Ile redio yako, lenzi umewahi kuifuta?”

Sijamjibu.