Simu au kamera kwa video ya sanaa kijijini?
Kwa shoti moja ndefu ya mtu akitwanga mahindi, simu haishtui wenyeji, na chaji hutoka kwenye pawabenki. Ukirekodi kwa kasi ya data ya megabiti 17 kwa sekunde, saa moja hula takriban GB 7.6. Iweke hali ya ndege, maana ukipigiwa, rekodi inaweza kukatika. Funga fokasi (ukali wa picha) na mwanga visijibadilishe vyenyewe, la sivyo picha itapwitapwita kila ng'ombe mweupe akipita. Juani simu huchemka na kujizima.

Kamera huishinda simu jikoni penye giza na moshi. Ila nyingi za zamani hukata kwenye dakika 29 na sekunde 59, masalio ya ushuru wa Ulaya kwa kamera za kurekodi nusu saa au zaidi! Lenzi usibadilishe penye vumbi. Betri beba tatu.

Unaishi hapo hapo mwaka mzima? Simu. Unalenga ukuta mkubwa wa maonyesho? Azima kamera.