Fimbo mpya imenifungisha mbele ya mdogo wangu

Siku kadhaa sijaugusa huu mchezo wa video wa hoki ya barafu, na hasira bado iko. Watengenezaji wamejisifu kwamba kwenye toleo jipya fimbo ina uzito wake, inanasa kitu kama fimbo ya kweli. Nikaamini. Mega zangu zote za intaneti ziliishia kwenye kulivuta toleo hilo.

Jioni moja, nyumbani Katuba, nacheza na mdogo wangu. (Lubumbashi ni mji wa Mazembe, barafu tunayoijua ni ya frigo, lakini sisi wawili tumenogewa.) Kipindi cha tatu, naongoza 2 kwa 1, imebaki dakika moja na kitu. Anakuja na paki, kile kisahani kinachopigwa badala ya mpira, upande wa kushoto, namngoja nikiteleza kinyumenyume, nimetulia kabisa. Nikabonyeza nimnyang'anye. Fimbo ikaiacha paki, ikaenda kupekua miguuni mwake kama mtu anayetafuta mende chini ya kitanda! Akaanguka. Refa mkono juu: dakika mbili nje. Nikabaki na wanne na kipa.

"Yaya, unanipiga ku miguu!"

Sijampiga! Kitufe ni kile kile cha toleo la nyuma. Akasawazisha papo hapo, na mchezaji wangu akatoka kifungoni, maana goli likiingia adhabu ndogo kama hiyo inakwisha. Imenisaidia nini? Muda wa nyongeza, watatu kwa watatu, nikabonyeza tena, fimbo ikarudia upumbavu wake. Yeye akapewa mtu wa nne, akafunga, mechi ikaisha. Nataka kutazama marudio, umeme ukakatika. Mchezo wa ovyo, nikasema, sitaushika tena.

Usiku umeme uliporudi nikaingia kwenye mazoezi, peke yangu. Ukimkabili mtu kwa mbele, fimbo inagusa paki safi kabisa. Ukiichomeka kutoka ubavuni, inanasa miguu. Na kwenye hoki ya kweli ndivyo ilivyo, kumkwaza mtu ni dakika mbili. Basi labda mimi ndiye niliyechelewa. Labda. Lakini hawa wachezaji wa kompyuta mbona wananichomekea ubavuni na refa anatazama paa?

Pasi, lakini, zimekuwa tamu. Hilo silikatai.

Leo dogo kauliza kama tunacheza. Nimemwambia maneti, ile ya mkononi ya kuchezea, haina chaji. Chaji iko.