Wiki 8 na lugha za Kigermaniki: nilicholipia na nilichopata

Mimi ni mwongoza watalii, nipo Arusha. Kijerumani nilikiokota kwenye kozi za jioni na kwa kukaa garini na wageni, na ndicho kinachonilipia kodi ya nyumba. Masika iliyopita, mbugani tope tupu na wageni hakuna, nikanunua kozi ya mtandaoni ya historia ya lugha za Kigermaniki, yaani ukoo wa Kijerumani, Kiholanzi, Kiingereza na ndugu zao. Wiki 8, video, mazoezi na mtihani, euro 60. Waliotengeneza sitawataja jina, maana huko mbele nitawasema.

Kilichonisukuma ni Waholanzi. Kila msimu ofisini wananipangia kundi la Waholanzi kwa hoja kwamba "wewe si unajua Kijerumani, hayo si mamoja?" Hayawi mamoja. Nilikuwa nasikia nusu ya sentensi, nusu nyingine inanipita kama basi lililojaa.

Wiki ya kwanza nilitaka nirudishiwe hela yangu. Mhadhiri, mama wa makamo mwenye sauti tulivu, anaanzia kusini mwa Skandinavia na kaskazini mwa Ujerumani, kama miaka 500 kabla ya Kristo, kwa watu ambao hawakuacha hata mstari mmoja wa maandishi. Halafu anaandika maneno yao! Kila neno lina kinyota mbele. Nikadhani ni alama ya tanbihi, nikashuka chini ya ukurasa kutafuta maelezo, nikapanda, nikashuka tena. Hakuna. Wiki ya tatu ndipo anasema, tena kwa kupitia tu, kwamba kinyota maana yake neno halijaonekana limeandikwa popote, wataalamu wamelikadiria kwa kulinganisha lugha zilizobaki. Hilo ni jambo la kusema dakika ya kwanza.

Ila mfano alioutoa hapo ulinituliza. Mfalme kwa Kijerumani ni König, Kiingereza king, Kiaislandi konungur. Wataalamu wakakadiria kwamba mzazi wao alitamkwa kuningaz. Sasa nenda Ufini, kwa watu ambao lugha yao haina undugu na hizi hata kidogo: mfalme mpaka leo wanamwita kuningas. Waliliazima neno zamani hizo, wakalitunza, kama jirani aliyeazima sufuria yako na kwake inang'aa mpaka leo, wakati kwako wewe mwenye mali zote zimeshatoboka.

Wiki ya pili hadi ya nne ndizo zilizoibeba kozi nzima. Hapa ndipo wanaingia Rasmus Rask, Mdenmaki, aliyeandika mwaka 1818, na Jacob Grimm, Mjerumani yule wa hadithi za kale, ambaye mwaka 1822 alizipanga sauti zikawa sheria. Weka Kilatini, ndugu wa mbali, upande mmoja na Kigermaniki upande wa pili. Penye p utakuta f: piscis, Fisch, samaki. Penye k utakuta h: cornu, Horn, pembe. Penye t utakuta th kama ya kwetu kwenye thelathini: tres, three. Penye d utakuta t: decem, ten. Mhadhiri anakupa maneno thelathini na moja, unayapanga mwenyewe kwa kuyaburuta kwenye skrini. Kwa simu zoezi hilo halifanyi kazi vizuri, kidole kinaziba neno; tafuta laptopu.

Na hiyo Horn ina kisa chake. Gallehus, kusini mwa Denmaki, zilipatikana pembe mbili za dhahabu, moja mwaka 1639 na nyingine 1734. Ile ya pili ilikuwa na maandishi ya runi, herufi za kale za Wagermaniki, ya mwaka wa 400 hivi: mtu anayeitwa Hlewagastiz anajitaja kwamba yeye ndiye aliyeitengeneza pembe ile, na neno lake la pembe ni horna. Kwa hiyo ile k ilikuwa imeshageuka h kabla hata Waingereza hawajaitwa Waingereza. Mwaka 1802 sonara mmoja, Niels Heidenreich, akaziiba zote mbili na kuziyeyusha. Tunachosoma leo ni michoro iliyowahi kuchorwa kabla. Video hiyo nimeirudia mara tatu, bando likaisha.

Kisha akaja Verner, na hapo ndipo niliposahau kuangalia saa. Tatizo lenyewe liko hivi. Kaka kwa Kilatini ni frater, baba ni pater. T zote mbili ziko katikati, zinafanana kabisa. Kwa sheria ya Grimm zote zilipaswa kugeuka th. Kigothi, lugha ya Kigermaniki iliyokwisha kufa, kinasema brothar, sawa, lakini baba ni fadar, kwa d. Hata leo Mjerumani anatamka Bruder kwa d na Vater kwa t. Watu walikaa na kero hiyo miongo kadhaa wakiiita nje ya kanuni. Karl Verner, Mdenmaki mwingine, katika miaka ya 1870 akaenda kuuliza Kisanskriti, lugha ya kale ya India, ndugu mwingine wa mbali. Kule kaka ni bhrātar, mkazo uko mbele ya t. Baba ni pitar, mkazo uko nyuma yake. Palipokuwa na mkazo kabla tu ya ile konsonanti, th ilibaki ngumu, penginepo ikalainika. Baadaye lugha za Kigermaniki zikauhamishia mkazo mwanzoni mwa neno, kama sisi tulivyouweka silabi ya pili kutoka mwisho, na nyayo zikawa zimefagiliwa. Ushahidi ulibaki kwa ndugu wa mbali tu.

Nilipofika hapo nilisimamisha video nikampigia bibi yangu Tabora. Nikamwambia, "Bibi, shikamoo, hebu nihesabie moja mpaka tano kwa kwetu." Akacheka, akasema marahaba, umelewa? Akahesabu. Tatu kwa Kinyamwezi ni -datu. Tano ni -taano. Tangu utotoni nilijua hivyo, na sikuwahi kujiuliza kwa nini ya kwanza iwe d na ya pili ibaki t. Sababu ipo: konsonanti isiyo na mghuno (ule mtetemo wa koo) ikifuatiwa na nyingine isiyo na mghuno kwenye silabi inayofuata, ile ya kwanza inapata mghuno. Kwenye tatu, t inafuatiwa na t, basi ya kwanza inakuwa d. Kwenye tano inafuatiwa na n, ambayo ina mghuno tayari, basi haiguswi. Na sheria hii ina jina. Aliyeitambua ni Edmund Dahl, mmisionari wa Kimoravian aliyefanya kazi Unyamwezi, na mwaka 1903 Carl Meinhof, Mjerumani aliyezichambua lugha za Kibantu kwa njia ileile ya kina Grimm, akaiita Sheria ya Dahl. Haya kozi haisemi hata neno moja. Niliyatafuta mwenyewe usiku ule. Nimewaandikia waiongeze. Nilijibiwa na mashine kwamba maoni yangu ni muhimu sana.

Tena na haya wangeweza kuyagusa kwa dakika mbili, maana sisi tunatembea na Kigermaniki mfukoni. Hela ni Heller, sarafu iliyopewa jina la mji wa Schwäbisch Hall, ikaletwa kwetu na serikali ya Kijerumani mwaka 1904. Wakati wa vita, mwaka 1916, za hela 20 ziligongwa Tabora hukohuko kwa bibi. Shilingi nayo ni neno lao la kale; Kigothi kilikuwa nalo, skilliggs. Shule je? Schule, ingawa wao nao waliitoa kwa Walatini.

Wiki ya tano ni ile niliyoilipia hasa. Inaeleza mageuzi ya pili ya konsonanti, yaliyoanzia kusini, upande wa milima ya Alps, kuanzia karne ya 6 hivi, yakapanda kaskazini mpaka yakachoka njiani. Kijerumani sanifu kiko upande wa kusini wa mpaka, Kiholanzi na Kiingereza vilibaki nje. Ndiyo maana Mholanzi anasema water, appel, slapen, tien na maken, na Mjerumani anasema Wasser, Apfel, schlafen, zehn na machen. Kwenye ramani mstari wa maken na machen unakata mto Rhine karibu na Benrath, Düsseldorf. Ukishaujua mchezo, Kijerumani ulichonacho unakirudisha nyuma hatua moja, unapata Kiholanzi cha kuombea maji.

Nilijaribu Juni, Tarangire, sehemu ya kulia chakula. Mzee mmoja wa Kiholanzi anapekua boksi lake la chakula. Kwa Kijerumani pilipili manga ni Pfeffer, nikaigeuza kimoyomoyo, nikamuuliza, "Peper?" Akaniangalia kama nimemwita kwa jina la utotoni. Siku nzima ikawa mchezo, yeye ananipa neno, mimi nakisia. Deur, nikasema Tür, mlango. Diep, nikasema tief, kina.

Kesho yake nikavimba kichwa. Nikawatangazia kwamba leo tunakwenda Manyarazee, nikimaanisha Ziwa Manyara. Kimya. Mkewe akauliza kwa upole kama kutoka hapa mpaka baharini ni mbali. Kumbe kwa Kiholanzi zee ni bahari na ziwa ni meer, wakati kwa Wajerumani See laweza kuwa ziwa na Meer ndiyo bahari. Sauti zilifuata sheria kama askari wa gwaride, lakini maana za maneno zikabadilishana nyumba. Kozi ilipaswa kunionya, haikunionya.

Malalamiko mengine. Wulfila, askofu wa karne ya 4 aliyewatengenezea Wagothi herufi na kuwatafsiria Biblia, ameelezwa vizuri mno, pamoja na nakala maarufu iliyoko Uppsala, wino wa fedha kwenye ngozi iliyotiwa rangi ya zambarau. Mtihani ukauliza jina lake. Nikaandika Ulfilas, umbo ambalo wao wenyewe wamelitumia kwenye maandishi ya somo. Mashine ikanikata alama. Wiki ya saba imekimbizwa: Waviking, Wanormani wa 1066, Luther na Agano Jipya lake la 1522, vyote kwenye video moja. Kiafrikaans, mtoto wa Kiholanzi huko Afrika Kusini, ambacho ndicho cha karibu nasi kijiografia, kimepewa dakika nne, tena nusu yake picha za milima. Maandishi ya chini ya video yameandikwa na mashine na kwenye maneno ya Kigothi ni vichekesho. Cheti ni euro 25 juu ya zile 60, na hilo husemwi mpaka umemaliza mtihani. Sikukinunua. Mgeni gani atakiomba?

Nimewapa nyota nne kati ya tano. Kama Kijerumani hujui kabisa, usianze na hii, utatapatapa. Kama unakijua kidogo na kazi yako ni watu, nunua, anza na wiki ya pili, ya kwanza irudie mwishoni. Pakua masomo yote mapema, kwa sababu baada ya miezi sita wanakufungia mlango.

Wiki ijayo napokea Waholanzi wengine wanne, na Manyara wameiomba wenyewe. Kwenye kioo cha mbele, upande wangu, nimebandika karatasi ndogo: ziwa ni meer.