Meza ya mazimwi pale Makoroboi

Ukiwapita wauza viatu na wauza mapazia pale Makoroboi, hapa Mwanza, utamkuta kijana mwenye kibanda cha vitabu, vingi vya mitumba. Kibao cha jina hana. Vitabu vya shule anavyo kama wenzake, ila meza ya mbele ameitenga kwa mambo ya mazimwi, majini, majoka na maajabu ya dunia, ya kubuni na ya kweli. Mimi nauza dagaa Mwaloni Kirumba na nina watoto wanaosoma kila kinachopita mbele yao. Hapa mjini ukiulizia kitabu cha hadithi mara nyingi unapewa cha kiada au cha dini. Ndiyo maana naandika haya: kibanda hiki ni kizuri, na ningependa kidumu.

Kwanza nimsifu kwa mpangilio. Upande wa kushoto wa meza ni hadithi, wa kulia ni historia na sayansi, na kijana mwenyewe hakubali vichanganywe. Nilimsikia akimwambia baba mmoja, "Hiki ni ngano, mzee, ukitaka cha kweli nikupe kile pale." Angeweza kunyamaza akauza. Kwa watoto jambo hilo ni kubwa, maana zimwi la hadithi lina utamu wake na mnyama wa kweli wa ajabu ana wake, lakini mtoto aliyechanganyiwa viwili hivyo hafaidi hata kimoja.

Cha kushoto nilichokipenda kuliko vyote ni nakala ya ngano za Unguja alizozikusanya mmisionari Edward Steere na kuzichapisha London mwaka 1870, Kiswahili ukurasa mmoja, Kiingereza ukurasa wa pili. Humo ndimo alimo Nunda mla watu. Watu wazima wengi wanalijua jina tu, kisa chenyewe hawajakisoma. Sultani ana paka. Paka anaanza na ndama, watu wanashtaki, sultani anajibu kwamba paka ni wake na ndama ni wake. Anapanda kwa mbuzi, kwa ng'ombe, jibu ni lile lile. Anapoanza kula watu bado sultani anamtetea, mpaka siku paka anapowaua wana wa sultani mwenyewe. Hapo ndipo anakiri kwamba huyu si paka tena, ni nunda. Nilikisoma kwa sauti nyumbani na binti yangu mkubwa akasema, "Mama, si wangemuua akiwa bado anakula ndama?" Hakuna aliyemfundisha kusema hivyo.

Tena kuna mtoto wa mwisho, yule aliyedharauliwa, anayekesha kuulinda mtende usiliwe na ndege. Kaka zake wote walilala. Yeye anachukua bisi na mchanga. Usingizi ukimjia anatafuna, mchanga unamkwaruza meno, anazinduka. Baadaye anakwenda kumsaka nunda, na kila mnyama anayemuua anamkokota hadi nyumbani akimwimbia mama yake kuuliza kama ndiye, na mama anamjibu kwa wimbo kwamba siye. Kiswahili chake ni cha zamani, maneno mengine yatakukwamisha, lakini kisome kwa sauti utaona kinavyotembea.

Adili na Nduguze cha Shaaban Robert nacho kipo, kile cha manyani wawili wanaocharazwa mijeledi kila usiku na mtu anayelia huku akiwachapa. Nakala ilikuwa imelegea gundi, nikainunua hivyo hivyo. Visa vya Alfu Lela Ulela huwa vinakuja na kwisha haraka.

Upande wa kulia ndiko nilikokaa sana. Kuna kitabu cha mijusi wakubwa wa kale chenye sura nzima ya Tendaguru, kule Lindi. Kati ya 1909 na 1913 Wajerumani walichimbua mifupa pale, na waliobeba ni watu wetu, vichwani na mabegani, kwa miguu hadi bandarini Lindi. Mmoja wa mijusi hao amesimamishwa Berlin, urefu wa mita 13.27 kwenda juu. Kitabu kinaonyesha picha za wapagazi, jambo ambalo vingi huruka.

Na kuna silikanti, samaki wa kale wa baharini. Mimi nimekulia kwenye samaki, sura hiyo niliirudia. Wataalamu walimjua kwa mabaki yaliyogeuka mawe tu na kuamini ametoweka zaidi ya miaka milioni 65 iliyopita. Mwaka 1938 akanaswa kwenye nyavu Afrika Kusini, karibu na East London, na mtu wa makumbusho, Marjorie Courtenay-Latimer, akamwona kwenye rundo la samaki akajua huyu si wa kawaida. Wavuvi wa Tanga nao wamewapata. Mwanangu akaniuliza kuhusu lukwata, lile dude ambalo Waganda ng'ambo ya ziwa letu wanalisimulia. Nilimwambia tofauti ni moja: silikanti yupo makumbusho, unaweza kuhesabu magamba yake, lukwata hayupo makumbusho yoyote, bado ni wa kushoto mwa meza.

Sasa kasoro. Baadhi ya vitabu ni fotokopi zilizobanwa kwa pini, picha zimekuwa nyeusi tupu. Kimoja kilikosa kurasa katikati na sikugundua mpaka nyumbani. Kijana alinibadilishia bila ubishi, ila kagua kabla hujalipa. Majoka ya Ulaya yamejaa kupita kiasi, kwa Kiingereza. Kinachoniuma zaidi ni kwamba Shing'weng'we hayupo. Tuko Usukumani! Kila bibi hapa anamjua zimwi aliyemeza watu wote akabaki mama mmoja mjamzito aliyejificha, akamzaa Masala Kulangwa, naye akalipasua tumbo watu wakatoka wazima. Nilimwomba ayatafute machapisho ya Kisukuma, hata akaulizie Bujora kwenye makumbusho. Ameahidi, na mimi nitamkumbusha.

Bei ni za kuzungumza. Vyembamba anaanzia elfu mbili, vyenye picha za rangi elfu kumi na zaidi, na ukichukua vitatu anapunguza. Nenda asubuhi, jua la mchana linapiga meza moja kwa moja na yeye hufunika vitabu kwa turubai. Ukimkuta amefunika, mwambie akufunulie, hakatai. Vya maana zaidi huwa viko kwenye boksi chini ya meza.