Kibao cha jina la Fatuma-Zahra: kazi ya fundi wa maandishi wa Ngamiani, Tanga

Binti yangu anaitwa Fatuma-Zahra, na kwa karibu miaka miwili jina lake lilining'inia juu ya mlango wa chumba likiwa limeandikwa vibaya, wala sisi hatukujua. Kibao cha kwanza tulikiagiza katika karakana moja ya mji mwingine, wiki ile ya akika yake, kwa haraka ya watu waliojaliwa wageni wengi na muda mchache. Kilikuja kimepakwa rangi ya dhahabu, kikameremeta, na kila aliyeingia alikisifu, mpaka siku mjomba wangu, ambaye amesomesha madrasa umri wake wote, alipokuja kutujulia hali. Alisimama mlangoni, akasoma, akavaa miwani akasoma tena, kisha akaniuliza kwa upole: "Mwanangu, huyu mtoto mmemwita nani?"

Mahali pa herufi ze, iliyo na nukta moja juu, karakana ile ilikuwa imeweka ile herufi nzito tunayoisikia katika neno adhuhuri. Kwa macho ya asiyesoma Kiarabu tofauti hiyo ni ndogo, lakini kwa maana ni mbali kabisa. Mzizi wa Zahra ni wa kung'ara na kuchanua, na ndio huohuo uliotupa Zuhura, jina la wanawake wetu wengi wa Pwani na pia la ile sayari inayowaka magharibi baada ya jua kuzama. Mzizi wa adhuhuri ni mwingine, na katika Kiarabu unatoa pia neno la mgongo. Nilikishusha kibao siku hiyohiyo.

Nimeanza na kisa hiki kwa sababu bila hicho sifa nitakazomwaga hapa chini zingeonekana zimezidi kipimo cha kipande cha mbao. Fundi ninayemwandikia tathmini hii ana kibanda kwenye mojawapo ya barabara za namba za Ngamiani, upande wa kuelekea sokoni, na hana bango lolote. Ukiuliza "fundi wa majina" utaonyeshwa. Ndani mna meza moja, patasi zilizopangwa kwa ukubwa, chupa za wino, kalamu za mwanzi alizozichonga mwenyewe, na harufu ya vanishi iliyokolea kiasi kwamba mwenye pumu afadhali asubiri barazani. Mbao zake nyingi ni za mtiki, kutoka upande wa Muheza, ambako shamba la mitiki la Longuza linajulikana na kila seremala wa mkoa huu.

Nilidhani nitataja jina, nitalipa arubuni na nitaondoka. Badala yake nilikaa pale saa nzima na zaidi, kwa kuwa fundi huyu hashiki patasi kabla hajajua jina limetoka wapi. Swali lake la kwanza lilikuwa: "Mama Fatuma, hili ni jina moja au majina mawili?" Nilimjibu kwa ukweli wa nyumbani kwetu. Fatuma ni jina la bibi mzaa baba, na upande wa mume wangu wajukuu hupewa majina ya wazee wao, hivyo mtoto ni wajina wa bibi yake. Zahra nililitaka mimi tangu nikiwa msichana. Familia mbili zikakutana katikati, jina likawa refu, nasi tukajiona tumebuni mapatano mapya.

Fundi alitabasamu, akanieleza kwamba hatukubuni kitu. Majina hayo mawili yamekaa pamoja kwa zaidi ya miaka 1,300 kwa sababu yote ni ya mtu mmoja, Bibi Fatuma binti wa Mtume, mwana wa Bibi Khadija, aliyefariki mwaka 632, miezi michache tu baada ya baba yake. Fatuma ni jina lake. Zahraa ni lakabu yake, kama Batuli, ambalo nalo wanawake wa Pwani wanalibeba. Kwa hiyo jina la binti yangu halikuwa kamba iliyofungwa baina ya koo mbili. Lilikuwa jina na sifa yake, na sehemu ya pili inaieleza ya kwanza. Sikuwahi kulifikiria hivyo, na nakiri kwamba nilitoka pale nikimwita mwanangu kwa sauti nyingine.

Maana ya Fatuma ilinigusa zaidi. Linatokana na kitenzi cha Kiarabu cha kumwachisha mtoto ziwa, na kwa umbo lake linamtaja mwanamke anayeachisha. Fundi hakulipamba, alilisema kama seremala anavyotaja aina ya mti. Aliniambia pia kwamba ipo riwaya, yaani masimulizi yaliyopokewa, inayosema Bibi Fatuma aliitwa hivyo kwa sababu Mwenyezi Mungu amemtenga na Moto, kama mtoto anavyotengwa na ziwa, akaongeza mara moja kwamba wanazuoni wa hadithi hawakubaliani juu ya nguvu ya riwaya hiyo, na kwamba yeye huiweka mahali pa riwaya wala haichanganyi na maana ya lugha. Nimekutana na watu wengi wanaoeleza maana za majina, hasa kwa akina mama wajawazito, na wachache mno hutenganisha mambo hayo mawili. Siku ile binti yangu alikuwa ametimiza miaka miwili na nilikuwa nimemwachisha ziwa wiki iliyotangulia, baada ya miaka miwili kamili kama inavyotajwa katika aya ya 233 ya Suratul Baqara. Sikumwambia fundi. Nilikaa kimya tu nikaiangalia meza yake.

Kisha akauliza swali la pili, ambalo kwangu ndilo lililompambanua na wengine: "Zahra yupi?" Akachukua kalamu ya mwanzi, akaandika neno mara mbili kwenye karatasi. La kwanza liliishia kwa te ya mviringo yenye nukta mbili, na maana yake ni ua. La pili liliishia kwa alifu ndefu na hamza ndogo iliyokaa peke yake, na maana yake ni mwanamke mwenye kung'ara. Hilo la pili ndilo lakabu ya Bibi Fatuma, na ndugu yake wa kiume katika sarufi ni azhar, neno tunalolijua kupitia msikiti na chuo cha Al-Azhar cha Cairo, vilivyoanza katika karne ya 10 chini ya watawala wa Kifatimiya, ambao waliitwa hivyo kwa kujinasibisha naye. Kwa Kiswahili yote mawili tunayatamka Zahra au Zahara, kwa kuwa ulimi wetu haupendi konsonanti mbili zikifuatana, ndiyo maana hata Fatma, umbo fupi la Fatima, akawa Fatuma kwetu. Ulimi umetuficha tofauti ambayo mbao haiwezi kuificha. Nilichagua la pili.

Mjadala wa kistari ulichukua muda mrefu kuliko nilivyotarajia, na nauona una manufaa kwa mzazi yeyote mwenye mtoto wa jina pacha. Kiarabu hakina kistari. Pale maneno mawili yanaungwa na kiambishi al, ambacho lamu yake inaandikwa lakini haisikiki, kwa maana ze ni mojawapo ya herufi ziitwazo za jua, na huimeza lamu hiyo. Ukisoma kwa ukamilifu utasikia "Fatimatuz-Zahraa". Kistari kimeletwa na daftari za serikali za Ulaya. Wafaransa wamezoea Anne-Marie na Marie-Claire, na walipotawala Algeria na Morocco, majina ya huko nayo yakaanza kuandikwa kwa herufi za Kilatini na kwa desturi hiyo, ndiyo maana leo Fatima-Zahra au Fatima-Zohra ni jina la kawaida kabisa kwa wasichana wa Afrika Kaskazini. Sisi wa Pwani tuna njia yetu ya zamani ya kuunga majina bila alama yoyote: Mwanahamisi, Mwanajuma, Mwanaidi, Mwanaasha. Fundi alipendelea njia hiyo ya kwetu, akanichorea "Fatumazahra" kama neno moja, na kweli lilipendeza kwa macho.

Mimi nilikikataa kipendeleo chake, na namshukuru kwamba alinisikiliza. Sababu yangu ni ya daftari. Hapa Tanzania mtoto huandikwa kwa jina lake, la baba na la babu, na ukiacha nafasi tupu kati ya Fatuma na Zahra, mwandikishaji atahesabu Zahra kuwa jina la baba, kisha jina la babu litakosa pa kukaa. Mpwa wangu mwenye jina pacha alipoandikishwa darasa la kwanza yalimkuta hayohayo, na marekebisho yake yalimchukua mama yake muda na nauli nyingi. Ukiliunga liwe neno moja, bibi yake atapoteza Fatuma wake, maana hatalisikia tena likisimama peke yake. Kistari kinayaweka majina yote mawili hai, na kinamwambia karani kwamba mtoto ni mmoja. Fundi alifikiri kidogo, akasema "Haya, mama, hapo umenena," akakichora kistari kifupi, kinene kidogo kuliko herufi, ili kisidhaniwe kuwa ni mkwaruzo wa mbao.

Kuhusu kazi yenyewe: kibao kina urefu wa sentimita 60, maandishi ya Kiarabu yako juu kwa mwandiko wa thuluthi, mmojawapo wa mitindo ya khati ya Kiarabu, na ya Kiswahili yako chini, madogo na ya wazi. Herufi zimekatwa zikabandikwa juu ya ubao wenye rangi nyepesi zaidi, kwa hiyo kila kitu kisichoshikana na neno kinabidi kibandikwe peke yake: nukta ya fe, nukta mbili za te ya mwisho wa Fatima, nukta ya ze, na ile hamza. Vipande vitano, kila kimoja kikubwa kama punje ya mahindi. Msasa umepita mpaka kwenye pembe za ndani za herufi mimu, mahali ambapo mafundi wengi huacha nyuzi za mbao zikichomoza. Hakupaka dhahabu. Alisema mtiki una rangi yake, nami nakubaliana naye.

Kasoro zipo na sitazificha. Aliniahidi siku 10, nikakabidhiwa siku ya 19, na katika siku hizo zote simu nilipiga mimi, yeye hakupiga hata moja. Hatoi risiti isipokuwa ukiiomba. La kuudhi zaidi ni kwamba mwezi wa pili baada ya kukichukua, msimu wa mvua, nukta ya ze ilibanduka ikaanguka nyuma ya kabati. Pasipo nukta hiyo ze inakuwa re, na jina la mwanangu likasomeka neno lisilo na maana yoyote. Kwa mama aliyekwisha kuumwa na kibao cha kwanza, nilichukia sana. Nilikipeleka kwake nikiwa nimejiandaa kwa maneno makali. Hakubishana. Alisema kosa ni la gundi, akatoboa tundu dogo chini ya kila nukta na chini ya hamza, akachomeka vijiti vya mbao vyembamba kama njiti ya kiberiti, akavigongomea vyote vitano ingawa kimoja tu ndicho kilichotoka, na hakuchukua senti. Tangu hapo mvua za masika na za vuli zimepita, na hakuna kilichotikisika. Ningependa tu kuona njia hiyo ya vijiti ikitumika tangu mwanzo kwa kila mteja, bila kungoja nukta idondoke.

Pamoja na kibao utapewa karatasi moja ya maelezo ya jina, aliyoiandika kwa mkono wake. Iliyo yangu ina mzizi wa kila sehemu, maana yake ya lugha, riwaya ikiwa imewekwa pembeni kama riwaya, na maumbo mengine ya jina hilo duniani: Fatma kwa Waturuki, Fatoumata katika Afrika Magharibi, na Fátima kwa Wareno, ambao wana mji wenye jina hilo unaoendewa na mahujaji Wakatoliki. Fundi hawahudumii Waislamu peke yao. Siku niliyokwenda kuchukua mzigo wangu, kando yake palikuwa na kibao cha Anna-Maria, cha familia moja ya Chumbageni, na karatasi yake ilieleza kwamba Anna ni Hana wa Kiebrania, yaani neema, na kwamba juu ya asili ya Maria wataalamu wametoa maoni mengi, naye hakuchagua moja ili kumfurahisha mteja.

Nililipa shilingi 65,000 kwa kibao na karatasi yake, bei iliyo juu kuliko ya vibao vya mashine vinavyouzwa mjini, na ningelipa tena. Anayetaka zawadi ya kesho asiende kwake. Anayekwenda achukue nakala ya cheti cha kuzaliwa, ili tahajia ya herufi za Kilatini ilingane na iliyomo kwenye cheti, na aamue mapema nyumbani kuhusu kistari, kwa sababu ubao ukishakatwa haurudishwi. Ijumaa hufunga saa tano na nusu asubuhi, hurudi baada ya swala, na katika kumi la mwisho la Ramadhani hapokei kazi mpya.