Taguette kwa mahojiano ya uongozi: haina bei, lakini ina masharti

Anayetafiti uongozi ndani ya shirika hufika palepale wanapofika wenzake wote: mahojiano 18 yameshanukuliwa (yametolewa kwenye sauti na kuandikwa), kurasa zinakaribia 300, na msimamizi wa tasnifu anauliza dhamira, yaani mawazo makuu yanayojirudia, ziko wapi. Hapo ndipo majina ya programu za kulipia za kuchambua mahojiano, NVivo, ATLAS.ti na MAXQDA, huanza kutajwa, na bei zake hufuata nyuma. Taguette haina bei. Ni programu huria ya kuweka lebo kwenye maandishi, iliyotengenezwa na Rémi Rampin na Vicky Rampin, na kwa utafiti wa ukubwa huo inatosha, ilimradi mtumiaji ajue mapema isichofanya.

Kazi yake ni moja. Unapakia hati (docx, odt, rtf, txt, html, epub au PDF), unachagua kipande kwa kipanya, unakibandika lebo moja au zaidi, unaendelea. Basi. Kila kitu kinaonekana ndani ya kivinjari. Unaweza kufungua akaunti kwenye seva ya watengenezaji, app.taguette.org, au ukaisakinisha kwenye kompyuta yako, ambako haitaki akaunti wala intaneti. Kwa utafiti wa uongozi chagua njia ya pili. Mhojiwa anayemsema mkuu wake wa idara anaweka ajira yake rehani, na Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya Tanzania ya mwaka 2022, kama ile ya Kenya ya 2019, haikupi uhuru wa kuzipeleka taarifa za watu popote upendapo. Seva inafaa pale mnapokuwa watafiti wawili watatu: mnaona lebo za mwenzenu papo hapo, na mwenye mradi anaweza kumpa mwingine haki ya kusoma tu.

Kosa la gharama kubwa hutokea kabla hata ya lebo ya kwanza. Hati ikishaingia, maandishi yake hayahaririki tena. Ukigundua katika ukurasa wa saba kwamba jina la meneja limebaki, au mnukuzi ameandika "hakutusikiliza" mahali pa "alitusikiliza", dawa ni kuifuta hati na kuipakia upya, na alama zote ulizoweka zinafutika nayo. Kwa hiyo usafi wote ufanyike kwenye Word au LibreOffice: sikiliza sauti huku ukisoma unukuzi, badilisha majina kuwa vyeo, weka "U:" mbele ya kila swali na "M:" mbele ya kila jibu, kisha ipe faili jina linalobeba taarifa, mfano M07_msimamizi_tawi. Lakini jina lisibebe mno. Katika shirika la watu 40, "mhasibu mkuu, mwanamke, miaka 20 kazini" ni sawa na kumtaja kwa jina lake.

Taguette haichezi sauti wala video, hivyo unukuzi unafanyika nje yake. Panga saa nne hadi sita za kuandika kwa kila saa moja ya mazungumzo, zaidi kama kinasa sauti kilikuwa mbali na msemaji. PDF iliyopigwa picha kutoka karatasi, kwa mfano muhtasari wa kikao wenye muhuri, itaingia bila neno hata moja la kuchagua, kwa sababu ndani yake hakuna maandishi bali picha.

Lebo ndiyo sehemu yenye nyama, na hapo ndipo nadharia ya uongozi huharibu utafiti mzuri. Wengi huanza na uongozi wa kimageuzi (transformational leadership), dhana aliyoijenga James MacGregor Burns mwaka 1978 akizungumzia hasa wanasiasa, na Bernard Bass akaiingiza katika mashirika mwaka 1985. Nguzo zake nne zinajulikana: kuwa kielelezo, kuhamasisha kwa maono, kuchochea fikra, na kumjali mtu mmoja mmoja. Mtafiti anatengeneza lebo nne, anapita kwenye mahojiano yote kwa siku mbili, na kila kipande kinapata mahali. Kisha anaandika kwamba nadharia imethibitika. Haijathibitika kitu. Ameyapanga maneno ya watu ndani ya masanduku aliyokuja nayo.

Chukua sentensi inayosikika katika ofisi nyingi za Tanzania: "Mkurugenzi kwetu ni mzazi." Ukiwa na lebo nne tu, itaangukia kumjali mtu mmoja mmoja. Lakini anayesema mzazi huenda anamaanisha mtu anayefika msibani na kusaidia ada ya mtoto, au anamaanisha mtu asiyejibiwa, ambaye akishasema basi imekwisha. Matokeo hayo mawili yanapingana, na lebo moja imeyafunika yote. Swali la usaili nalo lina lawama yake. "Je, mkuu wako ni kiongozi mzuri?" huleta sifa au malalamiko. "Nieleze mara ya mwisho alipobadilisha uamuzi baada ya kuwasikiliza wafanyakazi" huleta tukio, lenye siku, watu na matokeo, ambalo ndilo linalofaa kuwekewa lebo. John Flanagan aliandika juu ya mbinu hiyo ya matukio mwaka 1954, na bado hajafa mtu kwa kuitumia.

Orodha ya lebo za Taguette ni bapa, haina mafolda, ila hujipanga kwa alfabeti. Tumia hali hiyo kwa faida yako: anzisha kila lebo ya maneno ya wahojiwa kwa "m." na kila lebo ya nadharia kwa "n.", zitakaa kwa makundi zenyewe. Mahojiano matatu au manne ya mwanzo yafanye kwa "m." pekee, kwa vitenzi vya wahojiwa: m.anafika msibani, m.hajibiwi, m.anapitisha bila kusoma. Utafikisha lebo 60 au 80. Usiogope, ndivyo inavyokuwa. Kisha bofya lebo moja moja, soma vipande vyake vyote kutoka hati zote kwa pamoja, na uunganishe zinazosema jambo lilelile. Programu ina kitufe cha kuunganisha lebo, lakini haina cha kurudi nyuma, kwa hiyo toa nakala ya mradi kwanza. Lebo za "n." ziingie baada ya hapo, na zile zinazokosa maneno ya watu chini yake ziachwe tupu. Utupu nao ni matokeo.

Kila lebo ina nafasi ya maelezo. Ijaze: inahusu nini, haihusu nini, mfano mmoja. Taguette haina sehemu ya kuandikia tafakuri za mtafiti, na huu kwetu ndio upungufu wake mkubwa zaidi, kwa kuwa hoja za uchambuzi huzaliwa katikati ya usomaji. Fungua faili nyingine pembeni, andika tarehe, namba ya mahojiano na wazo lenyewe. Asiyefanya hivyo atabaki na lebo nzuri asizokumbuka kwa nini aliziweka.

Programu pia haijui nani ni meneja na nani ni karani, maana hati hazipokei sifa kama cheo au jinsia. Njia ya kuzunguka ni kutoa vipande vyote kwenye lahajedwali ya xlsx, inayokupa hati, lebo na maneno yaliyopigwa alama. Ongeza safu ya cheo ukitumia jina la faili, kisha tengeneza jedwali egemeo (pivot table), linalojumlisha vipande kwa cheo na lebo. Hapo tofauti hujitokeza: "anatusikiliza" ikitoka kwa wakuu wa vitengo pekee ina habari nyingine kabisa. Hesabu wahojiwa, usihesabu vipande. Msemaji mmoja mwenye maneno mengi anaweza kukupa vipande tisa vya jambo moja, na kipande chenye lebo mbili kinaweza kutokea zaidi ya mara moja kwenye jedwali.

Wanaotamani programu za kulipia kwa ajili ya kuhesabu maneno wapunguze matumaini, kwani kwa Kiswahili faida hiyo ni ndogo. Kihesabio kinachoangalia umbo la neno kitaona anaongoza, tunaongoza, hatuongozwi na viongozi kama maneno manne yasiyojuana.

Kwa watafiti wawili wanaotaka kulinganisha lebo zao, Taguette haikokotoi kipimo cha makubaliano, yaani namba inayoonyesha lebo zao zinafanana kiasi gani, na mkifanya kazi kwenye mradi mmoja kila mmoja anaona alama za mwenzake na kuzifuata. Tengenezeni miradi miwili tofauti, wekeni lebo kwenye mahojiano mawili yaleyale, kisha kaeni mezani mjadili mlipotofautiana.

Anayehitaji kuweka alama juu ya sauti au video za vikao, kuandika tafakuri ndani ya programu na kupata kipimo cha makubaliano aende QualCoder, ambayo nayo ni ya bure, ingawa usakinishaji wake unahitaji uvumilivu. Mahojiano yakizidi 50 na maswali ya kulinganisha makundi yakiwa mengi, programu ya kulipia inaanza kurudisha gharama yake, hasa kama chuo kina leseni tayari. Orodha ya lebo za Taguette hutoka katika mfumo wa .qdc, aina ya faili ya kubadilishana orodha za lebo, unaosomwa na programu hizo kubwa. Vipande vyenye lebo havihami nayo, kwa hiyo uamuzi wa kuhama ufanywe mapema, hati zikiwa tatu au nne.